E.D. Morel, karani aliyehesabu mizigo ya Kongo

Ndugu wachimbaji, na ninyi mama na watoto wa makambi, leo tunawaletea maisha ya mtu ambaye hakukanyaga inchi yetu hata siku moja, lakini aliandika juu yake vitabu vilivyomtikisa mfalme. Jina lake ni Edmund Dene Morel. Hakuwa mkubwa wa serikali, hakuwa mtoto wa tajiri. Alikuwa karani wa biro. Sisi wa sindika maisha yake yanatugusa, juu alianza na kitu ambacho kila mfanyakazi anaweza kufanya: kuangalia kile kinachotoka na kile kinachoingia, kisha kuuliza.

Morel alizaliwa Paris tarehe 10 Julai 1873. Baba yake alikuwa Mfaransa, mama yake Mwingereza. Baba alikufa mtoto akiwa na miaka 4. Mama alimpeleka kusoma Uingereza, lakini feza haikutosha, na alipofikia miaka 15 aliacha masomo, akarudi Paris kufanya kazi katika banki. Mwaka 1891 alipata kazi ya ukarani Liverpool, katika kompanyi ya meli ya Elder Dempster. Mshahara ulikuwa mdogo. Alifundisha watu Kifaransa na kuandika makala za magazeti juu ya biashara ya Afrika, ili nyumba ipate kula. Mwaka 1896 alioa, na watoto wakafuata.

Kompanyi ile ndiyo iliyokuwa na kontra ya kubeba mizigo kati ya Anvers na Boma. Wakati ule Kongo haikuwa bado koloni la Ubelgiji. Tangu mwaka 1885 ilikuwa mali ya mfalme Leopold II mwenyewe, na wazee wetu waliita utawala ule Bula Matari. Juu Morel alijua Kifaransa vizuri, wakubwa wake walikuwa wanamtuma Anvers kusimamia kazi ya meli za Kongo.

Huko bandarini, na katika vitabu vya hesabu, alianza kuona mambo. Meli zilifika kutoka Kongo zimejaa mpira na pembe za tembo. Zikirudi Kongo zilibeba nini? Kwa sehemu kubwa askari, bunduki na risasi. Vitambaa, chumvi, vyombo, vile vitu ambavyo mtu anapewa akiuza mali yake, havikulingana hata kidogo na mali iliyotoka. Tena, alipoweka hesabu za meli karibu na hesabu ambazo serikali ya Leopold ilitangaza, hazikupatana. Mpira na pembe zilizoshushwa Anvers zilikuwa nyingi kuliko zile zilizotangazwa. Feza ya tofauti ile ilikuwa inaingia katika mfuko wa mtu.

Hapo njo alifahamu. Kama mali inatoka namna hii na malipo hayaingii, basi watu wanaotafuta ule mpira hawalipwi. Na kama hawalipwi lakini wanaendelea kuuleta, ni kwa sababu bunduki iko nyuma yao. Morel aligundua utumwa akiwa amekaa kitini mbele ya karatasi, mbali kabisa na pori.

Na katika pori, mambo yalikuwa hivi. Kila kijiji kilipewa uzito wa mpira wa kuleta. Wanaume waliingia msituni siku nyingi kutafuta kamba za mti wa mpira, na kadiri kamba zilivyokwisha walikwenda mbali zaidi. Mashamba yakabaki bila mikono, njaa ikaingia. Wanawake walifungwa mateka mpaka waume zao walete mpira. Aliyepunguza uzito alipigwa fimbo. Askari alipaswa kuonyesha kwamba risasi haikupotea bure, na ushuhuda wake ulikuwa mkono wa mtu uliokatwa. Mara nyingine mkono ule ulikatwa kwa mtu aliye hai.

Morel alipeleka habari kwa mkubwa wa kompanyi, Alfred Jones, ambaye alikuwa pia konsuli wa Kongo ya Leopold kule Liverpool. Mkubwa hakufurahi. Karani aliahidiwa kazi nyingine yenye mshahara mzuri zaidi. Kila mtu wa sindika anajua siku ile: unaitwa bironi, unapewa kiti, unaambiwa juu ya cheo kipya, na bei yake ni kunyamaza. Morel alikataa. Mwaka 1901 aliacha kazi, akiwa na bibi na watoto wa kulisha.

Toka hapo kalamu ilikuwa jembe lake. Mwaka 1902 alitoa kitabu juu ya mambo ya Afrika ya Magharibi, na mwaka 1903 alianzisha gazeti lake mwenyewe. Mwaka ule ule Roger Casement, konsuli wa Uingereza, alipanda mto Kongo akaandika yale aliyoyaona na kuyasikia kwa wanakijiji. Hao wawili walikutana, na mwaka 1904 Morel akaanzisha chama cha kudai mabadiliko katika Kongo. Mwaka 1906 kilitoka kitabu chake kinachojulikana zaidi, Red Rubber, maana yake Mpira Mwekundu, mwekundu kwa damu.

Lakini tusiseme Morel alifanya yote peke yake. Nguvu ya vitabu vyake ilitoka kwa watu wa huku. Mwaka 1904 mtu mmoja anayeitwa Nsala alifika kwa wamisionari wa Baringa akibeba mkono na mguu wa mtoto wake Boali, vitu pekee vilivyobaki. Alice Harris alimpiga picha, na picha ile ilizunguka Ulaya na Marekani. Leopold aliposukumwa sana, alituma tume ya uchunguzi. Mbele ya tume ile alisimama chifu Lontulu wa Bolima na vijiti 110. Aliviweka mezani kimoja kimoja, kila kijiti mtu mmoja wake aliyeuawa juu ya mpira: virefu ni wakubwa, vifupi ni watoto. Yeye hakuwa na vitabu vya meli, lakini hesabu yake ilikuwa kamili. Tume ilikubali kwamba mabaya yalitendeka, na ripoti ikatangazwa mwaka 1905. Ushuhuda wenyewe wa wana Kongo haukutangazwa. Ulifungiwa Brussels miaka mingi sana.

Mwaka 1908 Leopold alilazimika kuiachia Ubelgiji Kongo. Mwaka 1913 chama cha Morel kilifungwa, kikihesabu kwamba kimeshinda. Na kweli, kazi ya mpira ile ya damu ilipungua. Lakini sisi wa Katanga tuangalie tarehe vizuri. Union Minière ilianzishwa mwaka 1906, na shaba ya kwanza iliyeyushwa Lubumbashi mwaka 1911. Bula Matari alibadilisha nguo. Kodi ya feza ilikuja, wanaume wakatafutwa vijijini kwa ajili ya migodi, na wengi hawakuulizwa kama wanataka. Fimbo ilibaki. Macho ya Ulaya yalikuwa yamegeuka.

Morel mwenyewe aliendelea kugombana na wakubwa. Vita ya 1914 ilipoanza, aliipinga. Mwaka 1917 alifungwa gerezani miezi 6, na afya yake ikaharibika. Mwaka 1920 alitoa kitabu kingine juu ya mateso ambayo Wazungu waliyaleta Afrika. Mwaka 1922 wafanyakazi wa Dundee walimchagua katika bunge kwa chama cha Labour, na Winston Churchill akapoteza kiti chake mji ule. Alikufa tarehe 12 Novemba 1924, akiwa na miaka 51.

Tusimfanye mtakatifu. Morel hakukataa ukoloni wenyewe. Alikubali Uingereza itawale Afrika, bora biashara iwe huru. Na baada ya vita aliandika maneno mabaya juu ya askari weusi ambao Ufaransa iliweka Ujerumani, akiwaonyesha kama nyama za pori mbele ya wanawake wa Kizungu. Mtu aliyelia juu ya mikono ya wana Kongo akawatukana Waafrika wengine. Alitutetea, lakini hakutuona kuwa sawa naye.

Kwa hiyo tuchukue kazi yake, tusimngojee mtu kama yeye. Karani wa Anvers alihesabu, na chifu wa Bolima pia alihesabu. Dunia ilisoma vitabu vya yule wa kwanza, vijiti vya yule wa pili vikasahauliwa. Magari ya madini yanapita kila siku mbele ya macho yetu. Tuweke karatasi zetu za mshahara, tuandike ajali na tarehe zake, tuandike majina ya wenzetu waliobaki chini. Watoto wetu wanaoenda masomoni wajue hesabu, na wajue kuiandika. Hesabu ya wana Kongo isifungiwe tena katika sanduku la mtu mwingine.