Wahome Mutahi: Aliyejitia kizimbani katika nyumba ya kubuni

MSOMAJI wa Embu au Meru aliyenunua gazeti la Jumapili katika miaka ya 1990 hakuhitaji kuelezwa Appepklonia ni nani. Alikuwa mama mkongwe wa mlimani, mwenye jina la ubatizo lililopindwa na ulimi wa kijijini, ambaye mwanawe alihamia Nairobi akajiona mjanja. Akina mama wa aina hiyo hawakukosekana katika mashamba ya kahawa ya Runyenjes wala Nkubu.

Aliyembuni, marehemu Wahome Mutahi, alizaliwa mwaka wa 1954 Nyeri, upande wa pili wa Mlima Kenya. Alipitia seminari ya Kikatoliki na Chuo Kikuu cha Nairobi, kisha akawa mwanahabari. Safu yake, Whispers, ilianza mapema katika miaka ya 1980 na kudumu hadi 2003.

Ilikuwa hadithi ya nyumba moja. Baba ni Whispers, mpenda baa. Mke ni Thatcher, aliyepewa jina la waziri mkuu wa Uingereza aliyesifika kwa ukali. Binti ni Pajero, jina la gari lililotamaniwa enzi hizo, na mwana ni Whispers Junior. Zogo halikuisha humo: pesa, mapenzi ya vijana, heshima ya mzazi.

Waandishi wengi wanaposimulia ugomvi wa jamaa hujitwalia kiti cha hakimu. Mutahi alijitia kizimbani. Msimulizi wake hujitetea kwa maneno mengi, na kila utetezi humtia hatiani zaidi. Msomaji hucheka, lakini papo hapo humwona mke aliyebaki nyumbani akihesabu senti. Hata hivyo, ni haki kusema kwamba Thatcher alionekana daima kwa macho ya mumewe. Laiti angepewa safu yake, tungesikia mengine. Wapo hata waliodhani ndiye mke halisi wa mwandishi, mzigo ambao familia yake haikuuomba.

Mwaka wa 1986 alikamatwa pamoja na nduguye kwa madai ya kuhusika na Mwakenya, akafungwa. Ndipo baadaye zikatoka riwaya Three Days on the Cross, iliyomshindia Tuzo ya Jomo Kenyatta mwaka wa 1992, na Jail Bugs. Baada ya hapo, baba wa hadithi anayefoka amri zisizotiiwa na yeyote hakusomwa tena kama baba tu. Mutahi alipeleka kejeli hiyo hadi kwenye baa, kwa michezo ya kuigiza ya Kikikuyu kama Mugaathe Mubogothi.

Machi 2003 alifanyiwa upasuaji ulioonekana mdogo, asizinduke. Alilala bila fahamu zaidi ya miezi 4, akafariki Julai 22, 2003, akiwa na umri wa miaka 48. Wachapishaji wa vitabu nchini baadaye walianzisha tuzo ya fasihi yenye jina lake.