HUGH DOWDING, MLINZI WA ANGA

Baada ya Vita Kuu ya Kwanza, wakubwa wengi wa majeshi ya Ulaya waliamini kwamba ndege za mabomu haziwezi kuzuiwa. Kwa fikira zao, taifa litakalopiga kwanza na kwa nguvu ndilo litakaloshinda, na kununua ndege za kulinda miji ni kupoteza fedha. Mmoja aliyekataa mafundisho hayo ni Hugh Dowding.

Dowding alizaliwa tarehe 24 Aprili 1882 katika mji mdogo wa Moffat, Scotland. Baba yake alikuwa mwalimu mkuu wa shule. Alipokua aliingia jeshi la mizinga, na mwaka 1913 akajifunza kurusha ndege. Vita vilipoanza mwaka 1914 alipelekwa Ufaransa. Huko, katika mapigano ya Somme ya mwaka 1916, aliona marubani wake wakifa siku baada ya siku, akaomba waliobaki wapewe mapumziko. Mkubwa wake, Jemadari Trenchard, hakupendezwa. Baadaye Dowding alirudishwa Uingereza, wala hakupelekwa tena mstari wa mbele.

Alikuwa mtu mkimya, asiyejua kujipendekeza, lakini hodari wa kupima mambo. Mwaka 1930 alipewa kazi ya kusimamia vifaa na uchunguzi wa Jeshi la Anga. Mwaka 1935 mtaalamu Robert Watson-Watt alieleza kwamba mawimbi ya redio yanaweza kugonga ndege iliyo mbali na kurudi, hata ikajulikana ilipo kabla ya kuonekana kwa macho. Dowding hakukubali fedha zitolewe mpaka jaribio lifanywe. Lilipofaulu, aliisaidia kazi hiyo kwa moyo wote. Huo ndio mwanzo wa rada ya Uingereza.

Julai 1936 akawa mkuu wa kwanza wa kikosi kipya cha ndege za ulinzi. Alijua kwamba rada peke yake haitoshi. Basi alipanga kwamba habari zote za vituo vya pwani, pamoja na za watu waliotazama mbinguni kwa darubini, zipelekwe kwa simu mpaka makao yake ya Bentley Priory, karibu na London. Hapo zilichujwa, kisha zikaonyeshwa juu ya meza yenye ramani kubwa. Kwa njia hiyo ndege hazikuzunguka ovyo angani na kumaliza petroli. Ziliruka pale tu adui alipokuwa akija, nazo zikaelekezwa alipo.

Mei 1940 Wajerumani waliishambulia Ufaransa, na Wafaransa wakaomba ndege zaidi. Dowding aliona kwamba Uingereza ilihitaji vikosi 52 kujilinda, navyo vilikwisha kupungua hata kufikia 36. Akaiandikia serikali kwa maneno makavu, akionya kwamba vikiendelea kupelekwa, Uingereza nayo itaanguka. Haikuwa rahisi kumnyima rafiki aliyekuwa akizama. Hata hivyo, baada ya vikosi vichache zaidi kwenda, upelekaji ukasimamishwa.

Tangu Julai hata Oktoba 1940 ndege za Ujerumani ziliijia Uingereza kwa mamia. Wanahewa wa Dowding walikuwa karibu 3,000, na 544 kati yao waliuawa katika mapigano hayo. Lakini ulinzi haukuvunjika, na Hitler akaahirisha mpango wa kuvuka bahari.

Hata hivyo, usiku marubani hawakuweza kumwona adui, na London ikaendelea kupigwa mabomu. Tena baadhi ya maofisa walimlaumu kwamba hakurusha makundi makubwa ya ndege kwa pamoja. Novemba 1940 aliondolewa katika cheo chake. Mwaka 1943 alipewa heshima ya kuitwa Lord, lakini hakupewa kamwe cheo cha juu kabisa cha Jeshi la Anga. Alifariki tarehe 15 Februari 1970, na majivu yake yakazikwa katika kanisa la Westminster Abbey.

Wanafunzi wenzangu, Dowding hakuwa na maneno matamu, wala hakungoja sifa. Alijiandaa miaka minne kabla ya hatari kufika, na hatari ilipofika akakataa kutawanya kile kidogo alichokuwa nacho. Wazee wetu walisema akiba haiozi. Mwaka 1940 taifa zima liliokoka kwa akiba ya mtu mmoja mkimya.