Byron Kawadwa na Wimbo wa Jogoo



Bila shaka umewahi kutazama ngoma hapa kwetu. Mavuno yamekwisha. Nafaka imo ghalani. Watu wamekusanyika uwanjani, na kina mama wa Kigogo wamesimama na ngoma zao za muheme katikati ya miguu. Wewe unawaona wachezaji na kusikia sauti zao. Lakini je, umewahi kumfikiria mtu aliyeipanga shughuli hiyo?

Nani aliwaita wachezaji mazoezini? Nani aliziwamba ngoma ngozi mpya? Nani alipanga kikundi kipi kianze na kipi kifuate? Nani anatunza fedha za kikundi?

Mtu huyo haonekani sana. Lakini asipofanya kazi yake, ngoma huharibika. Leo nitakueleza maisha ya mtu mmoja aliyefanya kazi hiyo katika nchi jirani ya Uganda. Jina lake ni Byron Kawadwa. Kazi hiyo ilimpa sifa. Mwisho ilimpotezea maisha yake.

Jumba la michezo

Katika mji wa Kampala kuna jumba kubwa linaloitwa Jumba la Taifa la Michezo ya Kuigiza. Lilifunguliwa mwaka 1959, wakati Uganda ilikuwa bado inatawaliwa na Waingereza. Ndani yake mna jukwaa, pazia, taa na viti vya watazamaji.

Mchezo wa kuigiza ni hadithi inayoonyeshwa na watu mbele ya macho yako. Mmoja anakuwa mfalme, mwingine mtumishi, mwingine mgomvi. Mtu asiyejua kusoma anaweza kuielewa hadithi hiyo yote.

Mwanzoni michezo mingi katika jumba lile ilikuwa ya Kiingereza. Watazamaji wengi walikuwa Wazungu na Wahindi. Mwananchi wa kawaida alipita nje tu. Lakini Waganda wenye kipaji hawakukaa kimya. Mmoja wao alikuwa Wycliffe Kiyingi. Mwaka 1954 alianzisha chama cha wasanii Waafrika, na aliandika michezo kwa lugha ya Kiganda. Kawadwa alifuata njia hiyo hiyo.

Kazi ya nyuma ya pazia

Katika miaka ya 1960 Kawadwa alianzisha kikundi cha michezo. Kiliitwa Kampala City Players, yaani wachezaji wa jiji la Kampala. Yeye alikuwa mwandishi na mwongozaji.

Pengine unajiuliza, mwongozaji hufanya nini? Huchagua nani acheze nafasi ipi. Huwafundisha wachezaji mahali pa kusimama na wakati wa kuingia jukwaani. Huhakikisha kwamba mavazi yako tayari, taa zinawaka na ngoma ziko mahali pake. Mchezaji akichelewa, mwongozaji ndiye anayeulizwa. Mchezo ukiwa mbaya, lawama ni zake. Mchezo ukiwa mzuri, watu huwapigia makofi wachezaji.

Kawadwa alijua kwamba watu wake wanapenda nyimbo. Kwa hiyo alishirikiana na mtungaji wa muziki aitwaye Wassanyi Serukenya. Michezo yao ilikuwa na maneno, nyimbo na ngoma pamoja. Mmoja uliitwa Makula ga Kulabako. Mwingine, wa mwaka 1971, uliitwa Oluyimba lwa Wankoko, yaani Wimbo wa Jogoo. Mchezo huo unahusu watu wanaogombea kiti cha ufalme. Jogoo ni jina la mhusika mmoja mwenye tamaa ya madaraka.

Watu wa Kampala walisikia lugha yao jukwaani. Waliona mambo yao wenyewe. Jumba lile likaanza kuwa lao.

Kiti cha moto

Tarehe 25 Januari 1971 mwanajeshi Idi Amin aliipindua serikali ya Uganda. Wewe au wazazi wako mnalikumbuka jina hilo vizuri. Katika utawala wake watu wengi walikamatwa na kuuawa bila kufikishwa mahakamani. Mwaka 1972 aliwafukuza Wahindi kutoka Uganda.

Mwaka 1973 Kawadwa alikuwa mkurugenzi wa sanaa wa Jumba la Taifa. Sasa kazi yake ilikuwa kubwa zaidi. Zamani alishughulikia kikundi chake. Sasa ilimbidi kufikiria sanaa ya taifa zima. Mkurugenzi hupanga ni mchezo gani uonyeshwe na lini. Huangalia mapato na matumizi. Huzungumza na wakubwa wa serikali kwa niaba ya wasanii.

Kukaa katika uongozi wa sanaa nchini Uganda hakukuwa jambo rahisi. Katika miaka ya 1960 mshairi mashuhuri Okot p'Bitek aliwahi kuongoza kituo hicho. Aliondolewa, akaenda kuishi Kenya. Wakati wa Amin hatari ilikuwa kubwa zaidi. Mtawala katili huogopa mchezo wa kuigiza, kwa sababu watu wakicheka pamoja huanza pia kuelewa pamoja.

Kawadwa alijua hatari hiyo. Lakini aliendelea na kazi.

Safari ya Lagos

Mwaka 1977 kulikuwa na tamasha kubwa katika mji wa Lagos, nchini Nigeria. Lilikuwa tamasha la pili la sanaa na utamaduni wa watu weusi wa dunia nzima. La kwanza lilifanyika mjini Dakar, Senegal, mwaka 1966. Tamasha la Lagos lilianza tarehe 15 Januari na kumalizika tarehe 12 Februari. Watu kutoka nchi zaidi ya 50 walihudhuria.

Uganda ilipeleka Wimbo wa Jogoo. Kawadwa aliwaongoza wasanii wake katika safari hiyo. Fikiri mwenyewe, ndugu msomaji. Mchezo ulioandikwa kwa Kiganda uliwakilisha taifa zima mbele ya watu wa dunia. Hiyo ilikuwa heshima kubwa.

Lakini watu wa serikali ya Amin waliuangalia mchezo huo kwa jicho jingine. Habari za mtu mwenye tamaa ya kiti cha enzi ziliwachoma. Waliona kwamba zinamsema mkuu wao.

Siku zile zilikuwa mbaya sana nchini Uganda. Tarehe 16 Februari 1977 Askofu Mkuu Janani Luwum aliuawa. Muda mfupi baada ya kurudi kutoka Lagos, Kawadwa naye alikamatwa na watu wa usalama. Walimchukua pale pale kazini kwake, katika Jumba la Taifa. Hakurudi tena. Waliuawa watu wengi mwaka huo, na Kawadwa akawa mmoja wao.

Baada ya kifo chake

Mwezi wa Oktoba 1978 majeshi ya Amin yaliivamia nchi yetu katika eneo la Kagera. Watanzania walikwenda vitani. Tarehe 11 Aprili 1979 Kampala ilitekwa, na Amin akakimbia. Alifia ugenini, Saudi Arabia, mwaka 2003.

Jumba la michezo la Kampala bado lipo. Michezo ya Kiganda yenye nyimbo na ngoma inapendwa mpaka leo. Jina la Kawadwa linatajwa kila wanapozungumza habari za sanaa ya Uganda. Waliomwua walitaka wimbo wa jogoo unyamaze. Lakini kumchinja jogoo hakuzuii kupambazuka.

Tunajifunza nini?

Kwanza, sanaa ni kazi kama kilimo. Inahitaji mipango, jasho na mtu wa kuisimamia.

Pili, kiongozi wa kikundi hubeba mzigo kwa ajili ya wenzake. Sifa huenda kwa wachezaji. Hatari na lawama humfuata yeye.

Tatu, wewe sasa unajua kusoma na kuandika. Kikundi chenu cha ngoma kikipata fedha, andika mapato na matumizi katika daftari. Andika majina ya nyimbo na ya watu waliozitunga. Wazee wakiondoka, daftari litabaki.

Maswali ya kujadiliana

1. Kwa nini watu wengi wa Kampala hawakuliona jumba la michezo kuwa ni lao hapo mwanzo?

2. Taja kazi tatu za mwongozaji wa mchezo wa kuigiza.

3. Kawadwa alijua hatari iliyokuwapo. Je, alifanya vema kuendelea na kazi? Toa sababu zako.

4. Katika kijiji chako, nani hufanya kazi ya nyuma ya pazia siku ya ngoma? Je, mmewahi kumshukuru?