Kawawa, Mtu wa Nafasi ya Pili

Katika miaka ya hamsini, kabla ya Uhuru, wananchi wa Tanganyika walionyeshwa filamu ya Kiswahili iitwayo Muhogo Mchungu. Mchezaji wake mkuu alikuwa kijana wa Songea, mtumishi wa Ustawi wa Jamii, Rashidi Mfaume Kawawa. Aliigiza mtu wa shamba aliyeingia Dar es Salaam bila kuujua mji, na watu wakacheka. Filamu za namna hiyo zilitengenezwa na kampuni ya Afrika Kusini kwa ridhaa ya wakoloni, nasi hatuna haja ya kuzisifu. Tunazitaja kwa sababu moja tu: katika filamu Ndugu Kawawa alikuwa wa kwanza, na katika utumishi wake wa Taifa alikuwa wa pili karibu maisha yake yote.

Alizaliwa mwaka 1926, akasoma mpaka Tabora. Shirikisho la Wafanyakazi lilipoundwa mwaka 1955 alikuwa Katibu wake Mkuu, na kutoka huko akaingia katika uongozi wa TANU. Tarehe 22 Januari, 1962, Mwalimu Nyerere alijiuzulu Uwaziri Mkuu ili akaimarishe Chama, na kiti akakikalia Ndugu Kawawa. Miezi kumi na moja haikutimia. Jamhuri ilipozaliwa tarehe 9 Desemba mwaka huo, Mwalimu alirudi akiwa Rais, naye Ndugu Kawawa akawa Makamu wake. Tunajua nchi nyingi ambako kiti kilichoazimwa hakikurudishwa ila kwa bunduki.

Ndugu zetu wa Visiwani wana sababu yao wenyewe ya kumkumbuka. Muungano ulipofanyika tarehe 26 Aprili, 1964, Mzee Abeid Amani Karume alikuwa Makamu wa Kwanza wa Rais. Ndugu Kawawa, ambaye hadi siku hiyo hakuwa na mtu kati yake na Rais, akawa Makamu wa Pili. Alishuka daraja ili Muungano usimame. Maofisa wanaogombania viti vya mbele kwenye sherehe (nasi tumewaona, hata hapa Mbeya) wangefaa kuisoma habari hiyo polepole.

Kwetu Nyanda za Juu Kusini jina lake lina uzito wa namna nyingine. Mwaka 1972 aliongezewa Uwaziri Mkuu, na mwezi Mei mwaka huo Halmashauri Kuu ya TANU ilikutana Iringa ikatoa azimio la Siasa ni Kilimo. Mwezi Novemba 1973 Mwalimu alitamka kuwa kuishi vijijini ni amri. Utekelezaji wa mambo hayo ulikuwa mikononi mwa serikali aliyoisimamia Ndugu Kawawa. Wazee wa Iringa na Mbeya hawajasahau Operesheni Vijiji. Watu walihamishwa kwa nguvu, na mashamba yao ya zamani yakabaki mbali na makazi mapya. Uamuzi ulikuwa wa Chama, lakini aliyetangulia katika utendaji ndiye aliyetajwa barazani kwa uchungu. Sisi hatumwondolei lawama hiyo. Mtendaji naye huulizwa alivyotenda. Ila hatukusikia kwamba aliwahi kujitenga akamwachia Mwalimu mzigo peke yake, jambo ambalo lingekuwa jepesi kwa mtu mwenye hila.

Mwezi Februari 1977 Uwaziri Mkuu ulikwenda kwa Ndugu Edward Sokoine, aliyekuwa mdogo wake kwa miaka kumi na miwili. Ndugu Kawawa hakususa. Alichukua Wizara ya Ulinzi, na majeshi ya Idi Amin yalipoivamia Kagera mwaka 1978 alikuwa kazini, chini ya Waziri Mkuu aliyempokea kiti. Mwaka 1982 akawa Katibu Mkuu wa CCM, kazi ya mafaili, vikao na safari za mikoani, akaifanya mpaka 1990.

Alifariki Muhimbili tarehe 31 Desemba, 2009, akazikwa Madale. Mwenyezi Mungu amrehemu.