Mohamed Amin, Mpiga Picha Aliyeifanya Dunia Ione

Ndugu zetu wa Kahama, mlioko nyumbani na mlioko mbali, mwaka huu tumechagua kumkumbuka mpiga picha Mohamed Amin. Hakuwa mtu wa kwetu, lakini maisha yake yanatuhusu.

Alizaliwa Nairobi mwaka 1943, mtoto wa mfanyakazi wa reli, kazi ambayo sisi wenye Isaka tunaijua. Alikulia Dar es Salaam, akashika kamera akiwa bado mwanafunzi, na mwaka 1963 akaanzisha hapo kampuni yake, Camerapix. Alipiga picha za Mapinduzi ya Zanzibar. Mwaka 1966 aliwekwa gerezani huko Zanzibar kwa siku 28, kisha akarudishwa Kenya. Hakuacha kazi.

Oktoba 1984 alifika Korem, kaskazini mwa Ethiopia, pamoja na mtangazaji Michael Buerk wa BBC. Njaa ilikuwa imekwisha kuua watu wengi, na walio mbali walikuwa hawajashtuka. Picha zake zilipoonyeshwa, misaada ikamiminika, na Julai 1985 tamasha la Live Aid likachangisha mamilioni.

Mwaka 1991 ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Mwenzake John Mathai, aliyekuwa akirekodi sauti, alifariki, na Amin akapoteza mkono wa kushoto. Aliwekewa mkono wa bandia, akarudi kazini. Tarehe 23 Novemba 1996 ndege ya Shirika la Ethiopia aliyopanda ilitekwa, ikaanguka baharini karibu na Komoro. Watu 125 walikufa, naye akiwemo.

Agosti ya mwaka huohuo wachimbaji wadogo waliondolewa Bulyanhulu. Mabishano juu ya yaliyotokea yaliendelea kwa miaka. Waliokuwapo sasa wanazeeka, na kila mzee tunayemzika anaondoka na ushuhuda wake.

Ndiyo maana sehemu ya mchango wa mwaka huu itanunua kamera mbili na kuwalipia vijana wetu mafunzo, wawarekodi wazee wangali hai: wachimbaji, wakulima wa pamba na mpunga, akina mama waliolea familia kando ya mashimo. Amin alianza kijana, na kamera moja tu. Tusingoje mgeni aje kutusimulia sisi wenyewe. Haba na haba hujaza kibaba, toa ulichojaliwa.