Bwana Vidocq, Askari Kanzu Aliyewapa Kazi Wafungwa

Eugène-François Vidocq alizaliwa mwaka wa 1775 katika mji wa Arras, upande wa kaskazini wa nchi ya Ufaransa. Baba yake alikuwa mwoka mikate, wala nyumba yao haikuwa na njaa. Lakini kijana yule alikuwa mkaidi. Aliiba fedha za wazazi wake akatoroka, akikusudia kuvuka bahari aende Amerika. Njiani wajanja wakamlaghai, asibakiwe na kitu. Akaingia uaskari wa vita, na huko nako hakutulia.

Mwaka wa 1796 alihukumiwa miaka minane ya kazi ngumu, kwa shtaka la kughushi hati ya kumfungulia mfungwa. Mwenyewe alilikana shtaka hilo. Akapelekwa gereza la bandari ya Brest, walikofungwa watu kwa minyororo. Akatoroka mwaka wa 1798. Akakamatwa, akapelekwa Toulon, akatoroka tena. Tangu hapo aliishi kwa majina ya uongo. Kila alipoanza kazi ya halali, walitokea watu waliomjua gerezani, wakamtisha kumfichua.

Mwisho alichoka. Mwaka wa 1809 alijitoa kuwatumikia polisi wa Paris, na mwaka wa 1811 akapewa kuongoza kikosi kidogo cha askari kanzu, kilichoitwa Sûreté, maana yake Usalama. Wengi wa askari wake nao walikuwa wamewahi kufungwa, kwa kuwa azijuaye njia za mwizi ni yule aliyezipita. Wakakamata waovu wengi sana. Baadaye Mfalme Louis wa 18 alimsamehe hukumu yake ya zamani.

Mwaka wa 1827 Vidocq aliacha kazi ya polisi. Alikuwa na mali, naye angaliweza kukaa raha mustarehe. Lakini kwa miaka mingi alikuwa ameona jambo moja: mfungwa akifunguliwa, polisi humwangalia kila aendako, na wenye kazi humfungia mlango. Njaa ikimzidi, huiba tena. Na askari humkamata tena. Basi Vidocq akatoa fedha zake mwenyewe, akaanzisha kiwanda cha karatasi huko Saint-Mandé, karibu na Paris. Akawachukua waliotoka gerezani, wanaume kwa wanawake, akawapa kazi na ujira.

Jambo hili halikuwapendeza watu. Majirani walinung'unika kwa kuletewa wezi karibu na nyumba zao. Wanunuzi nao, walipojua karatasi ile imetengenezwa na mikono ya nani, walitaka kuipata kwa bei ya chini. Wafanya kazi wengi walikuwa hawajaijua kazi, nao walihitaji kufundishwa na kuvikwa. Fedha zikatoka nyingi, zikaingia chache. Baada ya miaka michache kiwanda kilifungwa, na mali yake ikapotea pamoja nacho.

Tusimsifu kupita kiasi. Alikuwa na maadui wengi, na mara kadhaa aliitwa mbele ya mahakimu kwa ajili ya mambo yake. Mwaka wa 1832 alirudi katika Sûreté, akaiacha tena mwaka uo huo. Mwaka wa 1833 akafungua ofisi yake mwenyewe ya upelelezi. Alifariki Paris tarehe 11 Mei, 1857. Miaka mitano baadaye Victor Hugo alitoa kitabu chake kikubwa, Les Misérables, chenye habari za mfungwa aliyefunguliwa akawa mwenye kiwanda. Na wenye elimu husema ya kwamba mengi ya mtu huyo yalitoka kwa Vidocq.

Wasomaji wetu, kiwanda kile hakikushindwa kwa sababu wafungwa walimwibia bwana wao. Kilishindwa kwa sababu watu wema hawakukubali kununua karatasi yao kwa bei ya haki. Nasi katika mitaa yetu huwaona watu wakirudi kutoka kifungoni. Hukumu yao imekwisha, lakini asubuhi ya siku ya pili wanahitaji jembe, au nyundo, au mtu wa kununua mkeka waliousuka. Na tuangalie sisi tutawapokeaje.