Geoffrey de Havilland

Sir Geoffrey de Havilland (27 Julai 1882 – 21 Mei 1965) alikuwa mhandisi, rubani na mbunifu wa ndege kutoka nchini Uingereza. Alianzisha kampuni ya de Havilland iliyotengeneza ndege za Moth, Dragon Rapide, Mosquito na Comet, ambayo ilikuwa ndege ya jeti ya kwanza duniani kubeba abiria kibiashara. Ndege zake nyingi zilitumika Afrika ya Mashariki tangu enzi za ukoloni.

Maisha ya awali

Alizaliwa karibu na High Wycombe, Buckinghamshire, akiwa mtoto wa pili wa kiume wa kasisi Charles de Havilland. Alisomea uhandisi katika shule ya Crystal Palace, London, kuanzia mwaka 1900 hadi 1903, kisha akafanya kazi katika viwanda vya magari.

Babu yake mzaa mama alimpa pauni 1,000, naye akazitumia kutengeneza ndege pamoja na rafiki yake Frank Hearle. Mke wake, Louise Thomas, alishona kitambaa cha mabawa. Ndege hiyo ilivunjika mara tu iliporuka mwezi Desemba 1909, lakini mwenyewe hakuumia sana. Ndege ya pili iliruka vizuri mwaka 1910. Serikali iliinunua kwa pauni 400 na kumwajiri katika kiwanda chake cha Farnborough kama mbunifu na rubani wa majaribio.

Vita Kuu ya Kwanza

Huko Farnborough alibuni B.E.2. Toleo lake la baadaye, B.E.2c, lililoboreshwa na wahandisi wengine, lilitumiwa na Waingereza mwaka 1916 katika vita dhidi ya Wajerumani katika Afrika ya Mashariki ya Kijerumani, ambayo sehemu yake kubwa ni Tanzania bara ya leo.

Mwaka 1914 alihamia kampuni ya Airco. Ndege alizobuni huko zilipewa herufi DH, yaani herufi za jina lake. Maarufu zaidi kati yake ilikuwa DH.4, ambayo ilitengenezwa kwa wingi nchini Marekani pia.

Kampuni yake

Baada ya vita Airco ilikosa kazi, na mwezi Septemba 1920 de Havilland alianzisha kampuni yake mwenyewe huko Stag Lane, kaskazini mwa London. Katika miaka ya 1930 kiwanda kilihamia Hatfield.

Mafanikio makubwa yalikuja mwaka 1925 kwa DH.60 Moth. Ilikuwa ndege ndogo yenye viti viwili, na mabawa yake yaliweza kukunjwa ili iwekwe katika banda dogo. Bei yake iliwawezesha watu binafsi na vilabu kumiliki ndege. De Havilland alipenda kuchunguza wadudu, hivyo ndege hii na nyingine nyingi zilipewa majina ya nondo, wadudu wa usiku wanaofanana na vipepeo. Tiger Moth ya mwaka 1931 ilitumika kufundishia marubani wengi wa Vita Kuu ya Pili, na zaidi ya 8,000 zilitengenezwa.

Ndege zake katika Afrika ya Mashariki

Mwaka 1929 Florence Kerr Wilson alianzisha kampuni ya Wilson Airways mjini Nairobi kwa kutumia ndege moja aina ya Gipsy Moth. Rubani wake, Tom Campbell Black, alikuja kushinda mashindano ya kuruka kutoka Uingereza hadi Melbourne, Australia, mwaka 1934 akiwa pamoja na C. W. A. Scott. Ndege yao ilikuwa DH.88 Comet, ambayo haihusiani na ndege ya jeti iliyopewa jina hilohilo baadaye.

Tarehe 28 Februari 1931 kampuni ya Imperial Airways ilianzisha huduma ya kila wiki kutoka London hadi Mwanza, kwenye Ziwa Viktoria. Mwaka 1932 njia hiyo ilirefushwa hadi Cape Town kupitia Dodoma na Mbeya, na ndege kubwa za injini tatu za DH.66 Hercules zilitumika upande wa kusini.

Shirika la East African Airways lilipoanza kazi mwaka 1946, lilitumia Dragon Rapide. Ndege hiyo ya injini mbili ilitengenezwa kwa mbao na kitambaa, na iliweza kutua kwenye viwanja vya nyasi au udongo.

Mosquito na vifo vya watoto wake

Wakati wa Vita Kuu ya Pili kampuni ilibuni Mosquito (maana yake mbu), iliyoruka mara ya kwanza tarehe 25 Novemba 1940. Serikali ilisita mwanzoni kwa sababu ndege hiyo ilikuwa ya mbao wakati ambapo ndege za kivita zilitengenezwa kwa metali. Lakini mbao ziliokoa alumini na kuwezesha mafundi wa samani kushiriki kazi hiyo, na wepesi wake uliifanya kuwa miongoni mwa ndege zenye kasi kubwa zaidi wakati wake. Zilitengenezwa 7,781.

Familia ililipa gharama kubwa. De Havilland alikuwa na watoto watatu wa kiume: Geoffrey, Peter na John. John alifariki mwaka 1943 wakati Mosquito mbili zilipogongana angani katika safari za majaribio. Geoffrey mdogo, aliyekuwa rubani mkuu wa majaribio wa kampuni, alifariki tarehe 27 Septemba 1946 wakati ndege ya jeti DH.108 ilipovunjika angani akiijaribu kwa kasi kubwa. Mama yao, Louise, aliugua kwa huzuni na kufariki mwaka 1949. Baba aliendelea na kazi, na mwaka 1951 alimwoa Joan Mordaunt.

Comet

DH.106 Comet iliruka mara ya kwanza tarehe 27 Julai 1949, siku de Havilland alipotimiza miaka 67. Tarehe 2 Mei 1952 shirika la BOAC lilianza kuitumia kati ya London na Johannesburg. Njiani ilitua Entebbe, Uganda, kwenye ufuko wa Ziwa Viktoria, hivyo eneo la ziwa lilikuwa kwenye njia ya kwanza ya abiria ya jeti duniani.

Mwaka 1954 Comet mbili zilivunjika angani juu ya bahari karibu na Italia. Ya kwanza, tarehe 10 Januari, iliua watu 35. Ya pili, tarehe 8 Aprili, iliua 21. Comet zote zilizuiwa kubeba abiria.

Wachunguzi wa Farnborough waliweka ndege nzima katika tangi la maji na kuongeza na kupunguza shinikizo ndani yake mara nyingi, kama inavyotokea katika kila safari ya juu sana. Mwishowe bati lake lilipasuka. Chanzo kilikuwa uchovu wa metali: nyufa ndogo zilianza kwenye kona za matundu yaliyokatwa katika bati jembamba, zikakua kila ndege iliporuka. Matokeo ya uchunguzi huo yalitumiwa na watengenezaji wote wa ndege, wakiwemo washindani wa kampuni.

Toleo lililoimarishwa, Comet 4, lilianza kazi mwaka 1958. Wakati huo Boeing 707 ya Marekani ilikuwa tayari inaingia sokoni. East African Airways ilipokea Comet 4 mwaka 1960, nazo zikawa jeti zake za kwanza.

Miaka ya mwisho na urithi

De Havilland alipewa cheo cha Sir mwaka 1944 na nishani ya Order of Merit mwaka 1962. Alipenda wanyamapori na alisafiri Afrika mara kadhaa kuwapiga picha. Alifariki Hertfordshire akiwa na umri wa miaka 82.

Kampuni yake ilinunuliwa na Hawker Siddeley mwaka 1960, na jina likaachwa Uingereza mwaka 1963. Lakini tawi la Kanada, lililoanzishwa mwaka 1928, liliendelea kubuni ndege, zikiwemo Twin Otter na Dash 8. Air Tanzania inatumia Dash 8 Q400, hivyo ndege za ukoo huo bado zinatua Mwanza, katika uwanja ulioko Ilemela, ambao barabara yake kutoka mjini inapita Pasiansi.